Hela Iko, Lakini Haitoki

Wiki ya kwanza ya Januari Mtaa wa Kongo, Kariakoo, haupitiki. Wazazi wameshika orodha za shule, machinga wamemwaga sare na madaftari mpaka katikati ya njia, na mkokoteni ukija kwa nyuma inabidi mtu ajibanze ukutani. Katika msongamano huo wamo walimu wa shule za Uhuru na Mnazi Mmoja, manesi, maofisa watendaji na makarani wa wizara. Mshahara wa Desemba waliutafuna wakati wa sikukuu. Wa Januari bado uko mbali. Ndipo muuza viatu, kwa nia njema kabisa, anaposema: "Sasa Mwalimu, unahangaika nini na mamilioni yako yamelala PSSSF? Si ukachukue hata kidogo?"

Swali hilo linaulizwa kila mahali watumishi wa umma wanapokutana na shida, na si la kipuuzi. Mamilioni yapo kweli. Mtumishi anayelipwa 500,000 kwa mwezi, ambacho ndicho kima cha chini serikalini tangu Julai 2025, anakatwa asilimia 5, yaani 25,000. Mwajiri anaongeza asilimia 15, yaani 75,000. Laki moja inaingia kila mwezi kwa jina lake. Mwenye mshahara wa milioni moja anawekewa laki mbili kwa mwezi, milioni 2.4 kwa mwaka, na siku hizi anaweza kufungua PSSSF Kiganjani kwenye simu yake na kuziona tarakimu hizo akiwa amesimama kwenye foleni ya mwendokasi Gerezani. Kuziona anaziona. Kuzigusa hawezi.

Jibu fupi la swali la muuza viatu ni hapana. Mfuko wa Hifadhi ya Jamii kwa Watumishi wa Umma, PSSSF, uliundwa kwa sheria namba 2 ya mwaka 2018, ukaanza kazi Agosti 1 mwaka huohuo kwa kuunganisha mifuko ya PSPF, LAPF, PPF na GEPF. Ndani ya sheria hiyo kuna mafao ya uzeeni, ya ulemavu, ya warithi, ya uzazi, ya ugonjwa na ya kukosa ajira, kila moja na masharti yake. Hakuna fao la mtumishi aliye kazini, mzima wa afya, ambaye ada imemfika shingoni, bati la nyumba limebaki nusu au deni la duka limekuwa kubwa. Kwa hiyo mtu yeyote anayejinadi mitaa ya Msimbazi au Lumumba, au kwa ujumbe wa simu, kwamba ana mtu wake ndani wa "kuzitoa mapema" kwa kamisheni, ama ni mkopeshaji aliyejificha nyuma ya jina la mfuko, ama ni mwizi. Hakuna wa tatu.

Mlango huo haukufungwa bila kelele. Mwaka 2012 Bunge lilirekebisha sheria za hifadhi ya jamii na kuondoa kile watu walichokiita fao la kujitoa, yaani mtu kuacha kazi leo na kuchukua michango yake yote kesho. Wafanyakazi wa migodini, ambao mikataba yao ni mifupi na kazi zao ni za hatari, waliwaka. Wabunge wakapaza sauti na serikali ikarudi nyuma. Miaka sita baadaye, sheria mpya ilipokuja, kujitoa kukaondolewa tena na badala yake kukawekwa fao la kukosa ajira. Ugomvi ukahamia kwenye kikokotoo, yaani hesabu ya mafao ya kustaafu. Kanuni za 2018 zilipopunguza mkupuo, ile sehemu inayolipwa kwa mara moja mtu akistaafu, hadi asilimia 25, zogo lilikuwa kubwa kiasi kwamba Desemba 28 mwaka huo Rais John Magufuli aliwaita viongozi wa vyama vya wafanyakazi Ikulu na kuagiza vikokotoo vya zamani viendelee kutumika. Kuanzia Julai 1, 2022 ukaja mkupuo wa asilimia 33 kwa wote, na kwenye bajeti ya 2024/25 ukapandishwa: asilimia 40 kwa kundi lililokuwa likipata 50 zamani, asilimia 35 kwa lile lililokuwa likipata 25.

Serikali nayo ina sababu ambayo haitajwi sana kwenye mikutano ya wafanyakazi. Kabla ya Julai 1999 watumishi wa umma hawakuchangia chochote, pensheni yao ililipwa na Hazina. PSPF ilipoanza ilibeba wastaafu ambao hawakuwahi kuiwekea hata senti, na deni hilo likaitafuna kwa miaka mingi, hadi Desemba 2021 serikali ilipotoa hatifungani maalumu ya shilingi trilioni 2.17 kulipunguza. Isitoshe, hela zenyewe hazikai kwenye sanduku. Sehemu imo kwenye hatifungani za serikali, sehemu imo kwenye zege. Ukisimama juu ya ghorofa lolote la Kariakoo na kutazama upande wa bandari, utaona minara pacha ya Barabara ya Sokoine, iliyojengwa na PSPF. Machinga Complex pale Karume ilijengwa kwa fedha za NSSF zilizokopeshwa jiji, na watu wa Ilala wanajua jinsi deni lile lilivyosumbua. Mfuko wa namna hiyo, ukiambiwa wanachama wote waje Januari moja kuchukua kidogo kidogo, lazima uuze kitu.

Hata hivyo, hoja kwamba haiwezekani kabisa kumruhusu mwanachama kuchota mapema si ya kweli, na makala haya hayaiungi mkono. Nchini Uganda, baada ya mabishano ya miaka kadhaa, Rais Yoweri Museveni alitia saini marekebisho ya sheria ya NSSF yao mwanzoni mwa 2022. Mwanachama aliyefika miaka 45 na kuchangia miaka 10 akaruhusiwa kuchukua hadi asilimia 20 ya akiba yake kabla ya uzee. Kule ni mfuko wa sekta binafsi zaidi kuliko watumishi wa serikali. Mfano unaomhusu mtumishi wa umma moja kwa moja ni Afrika Kusini. Tangu Septemba 1, 2024 kila mchango wa mfanyakazi kule, wakiwemo walimu na polisi walio kwenye mfuko wa serikali, unagawanywa vyungu viwili: theluthi moja inakwenda kwenye chungu cha akiba ambacho mtu anaweza kuchota mara moja kwa mwaka, kuanzia randi 2,000, na theluthi mbili zinafungwa mpaka kustaafu. Anayechota anakatwa kodi kama vile ni mshahara. Ndani ya miezi michache tu maombi yalizidi milioni mbili, wengi wakitaja madeni na ada. Maana yake ni kwamba shida ya Januari si ya Mtaa wa Kongo peke yake, na pia kwamba ukifungua dirisha hata dogo, watu watapita.

Chungu cha theluthi moja kingemfaa mwalimu wa Kariakoo kuliko hali ya sasa, mradi kodi na mipaka iwepo. Lakini huo ni mjadala wa vyama vya wafanyakazi na Bunge. Mwalimu mwenyewe anahitaji hela wiki hii.

Kosa kubwa kuliko yote ambalo mtumishi mwenye shida anaweza kulifanya ni kuandika barua ya kuacha kazi akiamini michango itafuata. Haifuati. Fao la kukosa ajira linahitaji mwanachama awe raia, awe amechangia angalau miezi 18, awe hajafika umri wa kustaafu, athibitishe kwamba hana kazi nyingine, na ukosefu huo wa kazi usitokane na yeye mwenyewe kuacha. Anayekidhi masharti analipwa asilimia 33.3 ya mshahara wake wa mwisho kwa miezi 6. Kwa aliyekuwa akipata 900,000 ni kama laki tatu kwa mwezi, jumla milioni 1.8 hivi. Aliyejiuzulu hapati hata hiyo. Michango yake inabaki pale mpaka afike 55, na mshahara uliokuwa unalipa ada, nauli na kodi ya nyumba unakatika mwezi unaofuata.

Wapo waliotolewa kazini wakajifunza kwa uchungu tofauti kati ya michango "yangu" na mafao. Aprili 28, 2017 Rais Magufuli alikabidhiwa Dodoma orodha ya watumishi 9,932 waliobainika kuwa na vyeti vya kughushi, nao wakaondolewa kazini bila mafao. Baadhi walikuwa na miaka zaidi ya 20 kazini. Mwaka 2022 Rais Samia Suluhu Hassan aliagiza warejeshewe walichokatwa, na malipo yakaanza Novemba mwaka huo. Walichorudishiwa ni ile asilimia 5 yao. Ile asilimia 15 ya mwajiri, ambayo ndiyo robo tatu ya kila shilingi iliyowekwa, hawakuiona. Ndiyo maana mtumishi anayesema "nipeni changu niondoke" inafaa ajiulize kwanza chake ni kipi.

Mlango ulio wazi kwa kila mtu ni umri. Miaka 55 ni ya hiari, 60 ni ya lazima, isipokuwa kwa maprofesa, wahadhiri waandamizi na madaktari bingwa ambao kwao ni 60 na 65. Anayestaafu kwa hiari akiwa na angalau miezi 180 ya michango, yaani miaka 15, anapata mkupuo na pensheni ya kila mwezi. Kwa hiyo mtumishi wa miaka 54 mwenye deni kubwa yuko mahali tofauti kabisa na mwenzake wa miaka 41, na ushauri mmoja hauwafai wote wawili.

Huyo wa 54 akae chini na kalamu. Hesabu yenyewe si ya siri: idadi ya miezi ya michango inagawanywa kwa 580, inazidishwa na wastani wa mshahara wa mwaka (unachukuliwa wa miaka mitatu iliyo bora ndani ya kumi ya mwisho), na hapo panapatikana pensheni kamili ya mwaka. Asilimia 40 yake, kwa waliotoka PSPF na LAPF, inazidishwa kwa 12.5 kuwa mkupuo. Asilimia 60 iliyobaki inagawanywa kwa 12 kuwa pensheni ya mwezi. Tuchukue mwalimu ambaye wastani wake ni 1,200,000 kwa mwezi na ana miaka 30 kazini akiwa na 55. Mkupuo wake unakuja takriban milioni 44.7, na pensheni takriban 447,000 kwa mwezi. Akivumilia mpaka 60 kwa mshahara uleule, bila hata nyongeza, mkupuo unafika milioni 52.1 na pensheni 521,000. Tofauti ya mkupuo, milioni 7.4, si kubwa sana machoni. Lakini kuna ile 74,000 ya kila mwezi mpaka kufa, na kuna miaka mitano ya mshahara wa milioni moja na ushee ambayo kwa hesabu ya haraka ni milioni 72. Mtu akitaka kustaafu kwa sababu magoti yamechoka au mzazi anahitaji uangalizi kijijini, ni haki yake na inaeleweka. Akistaafu ili kulipa deni la milioni 6, amelipa deni hilo mara kumi.

Ugonjwa na ajali vina milango yao, na watu wengi hawaijui. Mtumishi asiyeweza tena kufanya kazi kwa sababu ya maradhi anapitia bodi ya madaktari, na bodi ikithibitisha, anaingia kwenye pensheni ya ulemavu bila kusubiri 55. Aliyeumia akiwa kazini, hata kama ni dereva wa halmashauri aliyegongwa Barabara ya Uhuru akipeleka nyaraka, madai yake ya kwanza hayaendi PSSSF bali Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, WCF, ambao ulianza Julai 2015 na unahudumia sekta zote mbili. Mwajiri ndiye anayechangia huko na mfanyakazi hakatwi hata shilingi, ndiyo maana wengi hawakumbuki kwamba upo.

Basi kwa nani mwalimu wa miaka 41 atapata hela ya Januari? Kariakoo ina jibu la papo hapo, nalo ndilo baya kuliko yote. Linaitwa kausha damu.

Ofisi ni chumba kimoja juu ya duka la vitenge, meza, daftari na kijana mchangamfu anayemwita kila mteja "mama yangu". Hataki mdhamini wala hati ya nyumba. Anachotaka ni kadi ya benki na namba ya siri. Tarehe ya mshahara ikifika, yeye ndiye anayesimama kwenye mashine, anachukua chake na kumrudishia mwalimu chenji. Kuna watumishi ambao hawajashika kadi zao kwa zaidi ya mwaka. Serikali imekemea mtindo huo mara nyingi, na Benki Kuu imeweka ukomo wa riba ya asilimia 3.5 kwa mwezi kwa wakopeshaji wenye leseni wasiopokea amana. Ukomo huo ndio kipimo cha kwenda nacho dukani. Laki tano kwa asilimia 3.5 ni riba ya 17,500 kwa mwezi. Laki tano kwa asilimia 30, kiwango ambacho wenye daftari hukitaja bila kupepesa, ni 150,000 kwa mwezi. Ndani ya miezi kumi mtu amelipa milioni moja na nusu ya riba na zile laki tano bado ziko palepale. Wa kwenye simu si bora zaidi. Novemba 2024 Benki Kuu iliyataja hadharani majukwaa na programu 69 za mikopo zilizokuwa zikifanya kazi bila kibali, zile zinazochukua majina yote kwenye simu ya mkopaji na kumtangazia deni kwa mkwe na mkuu wa shule.

Aliyekwishatoa kadi aende benki, aifunge na aombe mpya. Kadi ni mali ya benki, si ya mkopeshaji, na kuifunga hakufuti deni, kwa hiyo hakuna anayedhulumiwa. Deni lijadiliwe kwa maandishi, na mkopeshaji atakiwe kuonyesha leseni. Wengi hawana ya kuonyesha, na mazungumzo hulainika ghafla.

Kabla ya kukopa popote, kuna hela ambayo mtumishi huisahau kwa sababu imechelewa mno: madai yake mwenyewe. Malimbikizo ya mshahara baada ya kupanda daraja, nauli ya likizo, posho ya kujikimu ya uhamisho, gharama za matibabu alizolipa mfukoni. Mwalimu aliyehamishwa kutoka Temeke kwenda Ilala miaka mitatu iliyopita huenda anadai kiasi kinachozidi ada anayoitafuta. Barua ya ukumbusho, yenye nakala ya hati ya uhamisho, ikipitia kwa mkuu wake na kusainiwa kupokelewa, haina riba. Ipo pia karadha, ile sehemu ya mshahara inayotolewa mapema na mwajiri na kukatwa taratibu, ambayo Kanuni za Kudumu za utumishi zinairuhusu kwa shida za kweli. Bajeti ya halmashauri ikiwa nyembamba jibu huwa hapana, lakini kuna maofisa utumishi wanaoshangaa jinsi wachache wanavyoiomba.

Shida nyingine hupungua zikitajwa kwa jina lake. Kama ni hospitali, mtumishi aangalie kwanza kama wategemezi wake wote wameandikishwa kwenye bima ya afya ya NHIF, kwani kadi yake inabeba mwenza na wengine wanne, na mzazi anaweza kuwa mmoja wao. Kama ni ada, sekondari za serikali hazitozi ada kidato cha kwanza hadi cha nne tangu 2016, na cha tano na sita tangu 2022. Kinachobaki ni sare, chakula na michango, ambavyo vinapangika. Kama ni chuo, maombi ya Bodi ya Mikopo yana msimu wake na anayesubiri mwanawe aripoti ndipo aulize amechelewa.

Ikibidi kukopa, foleni iwe hii: SACCOS ya kazini, kisha benki. SACCOS huangalia akiba ya mtu na wadhamini wanaomjua, na riba yake hurudi kwa wanachama. Benki nazo zinawapenda watumishi wa umma kwa sababu marejesho yanakatwa kwenye mshahara, na maombi siku hizi yanapita kwenye mfumo wa watumishi wa mtandaoni, ESS, ambako mtu anaona mwenyewe kama theluthi moja ya mshahara wake itabaki baada ya makato. Theluthi hiyo ni ya kisheria, na kama mnufaika wa Bodi ya Mikopo tayari anakatwa asilimia 15, nafasi ya kukopa inakuwa finyu. Ni vizuri iwe finyu.

Tatizo la mikopo ya benki ni urefu. Ofisa mikopo atamwambia mteja, "Kwa miaka sita makato ni madogo, mama, hutayasikia." Kwa mkopo wa milioni 5 na riba, tuseme, ya asilimia 14 inayopungua na salio, makato ya miaka sita ni takriban 103,000 kwa mwezi na jumla ya kulipa milioni 7.4. Kwa miaka miwili ni 240,000 kwa mwezi na jumla milioni 5.76. Sare za shule zinachanika ndani ya mwaka. Kuzilipia miaka sita ni kichekesho. Mkopo mrefu uende kwenye kitu kirefu, kama kiwanja chenye hati au kupaua nyumba. Na ile simu ya mwaka wa pili, "umefuzu kuongezewa", isipokelewe kwa furaha: mkopo wa zamani unafungwa kwa mpya, saa inaanza upya.

Wanawake wa Gerezani na Jangwani wana dawa ya Januari ya miaka mingi, nayo ni mchezo. Kijumbe anayeaminika, watu kumi na wawili, kila mmoja anatoa kiasi kilekile kila mwezi na mmoja anapokea chote. Mwenye akili haombi namba ya kwanza. Anaomba ya Desemba, hela inamkuta ada ikiwa mlangoni. Anayetaka chungu chake mwenyewe, kile ambacho sheria haijampa, anaweza kukifinyanga kwenye mifuko ya uwekezaji ya UTT AMIS, ambayo Mfuko wake wa Umoja ulianza 2005, au Faida Fund ya Watumishi Housing. Vipande vinauzwa na hela inarudi benki ndani ya siku chache za kazi, bila kumwomba mtu ruhusa. Elfu ishirini kwa mwezi ni kidogo, lakini ni karibu sawa na kile anachokatwa PSSSF mwenye kima cha chini, na hii anaifikia.

Neno moja kwa yule wa 55 aliyeamua kutoka, kwa sababu Kariakoo inamsubiri na yeye. Mkupuo ukiingia, hazipiti wiki mbili kabla ya dalali kujua. Atamletea fremu ya Mtaa wa Aggrey au Sikukuu, kilemba cha makumi ya mamilioni, kodi ya mwaka mzima mbele, na shemeji mwenye uzoefu wa kuagiza mzigo Guangzhou. Kuna waliofanikiwa hivyo. Lakini waliokuwa na mzigo kwenye soko kuu lililoungua Julai 10, 2021, au kwenye ghorofa lililoporomoka Kariakoo Novemba 16, 2024, walikuwa wafanyabiashara wa miaka mingi, si walimu wa mwezi wa kwanza sokoni. Biashara ianze angali kazini, kwa mtaji ambao ukipotea mtu atalala usingizi, na bima ya mali iwe kwenye hesabu tangu siku ya kwanza. Benki zinazotoa mikopo kwa wastaafu kwa kukata pensheni nazo zitapiga simu. Pensheni ya 447,000 ikikatwa 200,000 kwa miaka mitano, mstaafu amejirudisha palepale pa Januari, safari hii bila mshahara.

Kwa aliye bado kazini, kazi ya Jumamosi moja inatosha kuanzia. Atoe barua ya ajira ya kwanza, ya kuthibitishwa kazini na ya kupanda daraja la mwisho, azipige picha na kuzihifadhi pawili. Alinganishe jina na tarehe ya kuzaliwa kwenye kitambulisho cha NIDA na vile vilivyo kwenye mfuko, kwa sababu herufi moja ya ziada imewasumbua wastaafu kwa miezi. Aangalie wategemezi walioandikwa: mara nyingi bado yumo mwenza waliyeachana naye tangu enzi za PSPF, na mtoto wa mwisho hayumo. Kisha afungue taarifa ya michango na kuipitia mwezi kwa mwezi, hasa ile miaka ya kuhamishwa kutoka halmashauri moja kwenda nyingine. Akikuta pengo la miezi minne, asingoje 59. Atafute hati za mshahara za miezi hiyo, kama panya hawajazila, aende nazo kwa ofisa utumishi na baadaye ofisi ya PSSSF, huduma isiyo na malipo yoyote, na asiondoke bila mtu kumgongea muhuri kwenye nakala yake.